Kata

Tuliishia hapa: kata iko hewani,
kata ya kifuu, mpini umepinda kidogo,
kwa sababu Lali Bunu alichora mkono wa bibi yake
na mkono ule ulikuwa na baridi yabisi.
Ndani ya kata, maji. Ndani ya maji, mimi.
Kisha herufi nyeupe: ITAENDELEA.

Haikuendelea.
Kituo kilituma barua ya mistari mitatu.
Hata hirizi huandikwa mengi zaidi.

Nilikuwa na miaka kumi na mmoja. Nilikuwa samaki.
Kila Jumamosi, Langoni, ndani ya stoo ya mchele,
magodoro ya sufi yamesimamishwa ukutani
ili punda wa nje wasiingie kwenye sauti.
Mmoja aliingia, kipindi cha saba. Sikiliza vizuri,
analia pale mwenye nyumba anapoficha mkufu.
Lali akiinua kidole, nami nanena kwa ulimi wa kwetu:
*Mai yana mashikio,
nenani kwa taratibu.*
Kimya. Halafu yeye: "Kata!"
Na kila mara nilitazama juu,
nikidhani nachotwa.

Vipindi kumi na tatu, miaka ishirini na mitatu.
Watoto waliosinzia kabla hakijaisha
sasa wana ndevu, wana mikopo,
na bado wameichora kata ile nyuma ya kiwanda cha barafu,
chini yake rangi ya buluu: ANGALI HEWANI.

Juzi alikuja kijana kutoka Kitale.
Alishuka Manda na ndege ya asubuhi, begi moja,
akanikuta kazini, dirisha la dawa.
Nikamuuliza, "Kadi yako iko wapi?"
Macho yakamjaa.
"Ni wewe. Sauti imenenepa, lakini ni wewe.
Niambie tu. Alianguka wapi?"

Ninayo ile sinema. Watu hawajui.
Kurasa tisini na nne, ndani ya kasha la mama,
chini ya leso ambazo hazijakatwa.
Lali aliniachia alipokwenda kutibiwa Mombasa.
Pini zimeshika kutu. Nimezisoma kuliko inavyofaa,
na nitalisema mara moja, hapa, kwenye karatasi:
sinema ile si nzuri.
Ukurasa wa arubaini pana helikopta.
Wenye pesa walitaka helikopta.
Walitaka punda asemaye, na mtalii aliyepotea,
na samaki apate mchumba mwenye kope ndefu.
Lali akaandika yote, kisha pembeni, kwa penseli,
kwa hati ndogo ya daftari la madeni:
*Nisamehe, mwanangu.*
Sijui alimwomba nani, mimi au samaki.
Pesa zenyewe hazikuja.

Lakini ukurasa wa sabini na moja.
Kata inapinduka. Maji yanaingia karoni,
yanatoka mfereji wa uchochoroni,
yanapita nyuma ya msikiti, karibu na viatu vilivyovuliwa,
na samaki, ambaye dunia yake ilikuwa kuta nne za chokaa
na bakuli moja la Kichina lililojengewa sakafuni,
anafika mahali pasipo na ukuta.
Pale Lali hakuandika maneno.
Ameandika: *Samaki: pumzi.*
Basi.

Pumzi hiyo niliifanyia mazoezi mwaka mzima,
bafuni, mlango umefungwa,
mama akigonga, akidhani nina pumu.

Foleni ilianza kunung'unika. Mtoto mmoja ana homa,
mwanamume mmoja amenyoosha cheti chake juu ya bega la kijana.
Sikumwambia habari za helikopta.
Niliinama karibu na kile kitundu cha kioo
nikaivuta.

Haikuwa ya mtoto. Ilikuwa na vumbi la vidonge,
mimba mbili, na usiku ule wa simu kutoka Mombasa.
Ilikwenda mbali kuliko nilivyotarajia.
Kijana akangoja neno lifuate.

"Ndiyo hiyo," nikamwambia.
Kisha, kwa sauti ya kazini:
"Anayefuata!"